Mpaka Mlango Ufungwe

Siku polisi walipopanda kijijini kwetu, wanaume wote wa kitongoji walikuwa na miguu. Mimi sikuwa nayo. Nilikuwa mzazi, nimejifungua wiki chache tu zilizopita, na kwetu milimani mzazi hapigwi na jua mpaka siku zake zitimie. Anakaa ndani, moto unawaka mchana na usiku, analetewa uji wenye siagi, anakatazwa hata kuinua ndoo. Nilikuwa nimekaa hivyo, mashavu yamejaa, mtoto ananyonya, niliposikia watu wanakimbia kwenye migomba. Mume wangu aliingia, akachungulia uvunguni, akaniangalia mimi, akatokea mlango wa nyuma. Mpaka leo ninapoandika haya sijamwona tena, na wala simtafuti.

Uvunguni kulikuwa na mirungi, mafungu yaliyoviringishwa kwenye majani ya mgomba, yakisubiri pikipiki ya jioni. Nilijua ipo? Nilijua. Nilikuwa nimeilalia. Sitaki kujitetea katika hilo, maana nimeshajitetea mbele ya hakimu na haikunisaidia kitu. Ninachosema ni kwamba msituni walijaa watu wazima wenye ndevu, na aliyeshushwa mlimani kwenye gari la polisi ni mwanamke mwenye kichanga.

Mama yangu, ambaye alikuwa amekuja kunilea, alisimama mlangoni akawaambia, "Huyu ni mzazi. Hatoki nje." Askari mmoja, kijana tu, akamjibu kwa adabu kabisa, "Shikamoo mama. Atatoka." Nikatoka. Mama alinitupia kitenge kichwani ili jua lisinipige, na njia nzima mpaka kwenye gari alikuwa anakirekebisha, kinateleza, anakirekebisha. Hakuuliza ninapelekwa wapi. Wasiwasi wake wote ulikuwa kwenye lile jua.

Watu wa mikoa mingine wakisikia wewe ni Mpare wanacheka, wanasema hao kwa kesi ndio wenyewe, Mpare atauza ng'ombe aende mahakamani kwa ajili ya kuku. Hata mahabusu nilitaniwa hivyo siku ya kwanza. "Karibu Mpare, umekuja kwenye chakula chako." Basi nilikula kesi nikashiba. Napelekwa mahakamani, naambiwa upelelezi haujakamilika, narudi. Napelekwa tena, hakimu ana udhuru, narudi. Shahidi hakufika, narudi. Mtoto alianza kukaa, akaanza kutambaa, akasimama kwa kushika ukuta wa selo, na faili langu bado lilikuwa halijasimama.

Gereza lilikuwa chini kwenye tambarare, kwenye ule upepo wa Same unaobeba vumbi na kulitia mpaka kwenye meno. Uani, ukisimama karibu na tangi la maji, unaiona milima yetu. Asubuhi inakuwa na ukungu. Nilijua chini ya ukungu ule kuna nini: migomba inadondosha maji, watu wanakwenda kufungua ndiva, lile bwawa letu la kugawana maji ya mashamba, na mama yangu keshatenga makande motoni tangu jana yake. Niliapa kutokutazama upande ule, na kila asubuhi nilitazama.

Kitu kimoja nilikuwa nacho, nacho ni mtoto. Niseme wazi, maana watu huwa wananiuliza kwa upole, kama wanaogopa kunivunja, kwa nini sikumtoa mapema akalelewe na bibi yake kwenye hewa nzuri. Nilimtaka. Basi. Nilikuwa nimejiwekea akilini kwamba vile tulivyoingia ndivyo tutakavyotoka, yeye mgongoni mwangu, na kwamba nikiweza kumshikilia mpaka siku hiyo, hao wote waliotuweka pale watakuwa hawajanichukulia chochote. Sikuwaza zaidi ya hapo. Mtu aliyefungiwa hawazi mbali.

Utaratibu ulikuwa kwamba mtoto anakaa na mama yake maadamu ananyonya. Akiacha ziwa, ndugu wanaitwa wamchukue, na kama hakuna ndugu anapelekwa kituo cha watoto. Mwanamke wa ustawi wa jamii alikuwa anakuja mara kwa mara na mkoba wake, anamshika mtoto shavu, anauliza, "Bado ananyonya?" Naye askari wa zamu anaitikia, au mimi naitikia, na mwanamke yule anakwenda zake. Swali lenyewe lilikuwa dogo hivyo.

Tatizo ni kwamba maziwa yalianza kukatika. Ukila ugali wa dona na maharage yaliyochemka na wadudu wake, mara moja kwa siku, matiti yanajua. Mtoto ananyonya, anavuta, anaachia, ananitazama usoni, analia. Fungu la chakula la mtoto hakuna. Kwenye hesabu yao mtoto alikuwa anakula kwangu, nami nilikuwa sina. Ningeomba uji wa mtoto, ningekuwa nimekiri kwamba anakula, na anayekula anaondoka.

Aliyetuokoa alikuwa mama mmoja wa Kihurio. Alikuwa mkulima wa mpunga, mtu mzima, mweusi, mwenye mikono mikubwa, na kesi yake ilikuwa ya kumkata panga shemeji yake waliyegombania naye mfereji wa maji. Hakuwahi kukana. "Nilimkata," alikuwa anasema, "na angenyamaza ningemkata kidogo." Ndiye aliyekuwa nyapara wa selo yetu, na akisema kitu hakuna aliyebisha. Siku moja alimsikiliza mwanangu analia mpaka sauti inakauka, akasema, "Huyu anataka ugali. Tutampa. Lakini mchana ni ziwa tu, hata kama ni kavu. Tonge ni mpaka mlango ufungwe."

Tulikuwa tunakula uani, alasiri, tumechuchumaa kwa mistari, askari wanatuangalia. Kisha tunahesabiwa, tunaingizwa selo, mlango wa chuma unavutwa, komeo linasukumwa. Tangu hapo mpaka asubuhi hakuna anayetuona. Basi kila mwanamke akawa anabakiza tonge lake moja, analiminya kwenye pindo la khanga, anaingia nalo. Watu wenye njaa, nakuambia. Mmoja alikuwa mwizi wa simu, mwingine alikuwa amemtupa mtoto wake mwenyewe chooni, na huyo naye alibakiza tonge. Komeo likishalia, mama wa Kihurio anasema, "Haya, leteni," wanafungua mapindo yao, na mwanangu anazungushwa mkono kwa mkono, analishwa. Mchuzi wa maharage tuliuficha kwenye kikombe cha plastiki chini ya blanketi.

Mchana ndio ulikuwa kazi. Mtoto hajui saa. Akiona watu wanakula uani ananyoosha mikono, anafungua mdomo. Hapo ndipo mimi, mama yake, nilikuwa nauziba mdomo ule kwa kiganja, taratibu, namwambia sikioni, "Bado mlango." Akilia namsukumia ziwa. Akiendelea, naziba tena. Haikuchukua muda mrefu, mtoto ni mwepesi. Akawa akiona chakula mchana anaweka mwenyewe mkono mdomoni na kukaa kimya, macho yanafuata matonge ya watu. Wenzangu walicheka mara ya kwanza alipofanya hivyo, wakampigia makofi, nami nikacheka. Tulimwona ana akili sana.

Kwetu, niseme na hili, chakula kinaliwa mlango wazi. Mvua inyeshe, baridi ya mlimani ikuume mpaka mifupa, sahani zikishatoka mlango haufungwi, ili anayepita aone na akaribishwe. Anayefunga mlango ndipo ale anaitwa mchoyo, na jina hilo likikupata utazikwa nalo. Mama yangu alikuwa anajulikana kwa mlango wake. Baba alipofariki, mchungaji kanisani alilitaja hilo mbele ya jeneza, kwamba hakuna aliyewahi kupita nyumba ile saa ya chakula akaenda na njaa. Nilikuwa nakumbuka hayo jioni wakati komeo linalia na mwanangu anafungua mdomo. Nilijisemea tutayarekebisha nyumbani.

Mama alikuja kutuona Jumamosi moja, kwa mara ya tatu au ya nne. Kwake safari ile ilikuwa ni kuamka alfajiri, kushuka na basi kwenye zile kona, na kukaa nje ya geti mpaka jina liitwe. Mahabusu huruhusiwa chakula cha kutoka nyumbani, ila aliyekileta aonje kwanza mbele ya askari. Alikuja na hotipoti. Tulikaa kwenye kile chumba cha wageni karibu na geti, mimi na mtoto benchi hili, yeye benchi lile, na askari wa kike mezani katikati. Mlango ulikuwa wazi kwa sababu ya joto.

Mama akafungua hotipoti. Ndizi zilizopondwa na maharage na maziwa. Ile harufu ilinipanda mpaka machozi yakanitoka, nikajifanya ni vumbi. Askari akasema, "Onja, mama." Akaonja. Halafu, kama anavyofanya mwanamke yeyote wa kwetu, tonge la pili hakunipa mimi. Alilipoza kwa pumzi, akampelekea mjukuu wake.

Mwanangu akaweka mkono mdomoni.

Mama akajaribu tena, anamwimbia, anamwita majina ya mapenzi kwa Chasu, lugha yetu. Mtoto kimya, mkono mdomoni, macho kwenye tonge. Niliona uso wa mama unavyoshuka. "Mbona ananikataa?"

"Bado ananyonya, mama," nikasema. "Hajazoea chakula."

Askari akainua kichwa. "Na meno hayo yote?"

"Bado ananyonya, afande."

Akarudi kwenye simu yake. Moyo ukaanza kunitulia. Nilijivunia mwanangu, na sioni aibu kusema hivyo: nilijivunia kwamba ameweza. Kisha upepo ukaja. Upepo wa kawaida tu wa pale, ukamwaga vumbi ndani, karatasi zikaruka mezani, mama akafunika hotipoti kwa upande wa khanga. Askari akainuka, akausukuma mlango kwa mguu, na kwa kuwa haukukaa, akalisukuma komeo.

Mtoto aligeuka alipolisikia. Akatoa mkono mdomoni. Akamtazama bibi yake na kufungua mdomo mpaka nikaona koo.

Mama alicheka kwa furaha, akamtia tonge. Akalitafuna, akalimeza, akafungua tena. La pili. La tatu. Alikuwa anatafuna kama mtu mzima, upande huu na upande huu, anashika mkono wa bibi yake usichelewe. Mimi nilikaa tu. Askari alikuwa bado amesimama, mkono kwenye komeo. Akamtazama mtoto, akalitazama komeo, akanitazama mimi. Nadhani alielewa yote mara moja, maana naye alikuwa mama, na nafikiri kwa dakika ile alikuwa tayari kurudi kwenye simu yake.

Ila mama yangu alikuwa na furaha. "Anakula!" akasema kwa sauti, ya kusikika hata nje. "Kumbe ameshaacha ziwa! Basi nimchukue. Kwetu afande, mtoto akianza kula hivi anakuja kwa bibi yake, ndiyo desturi, nimeshamwandalia na kitanda." Nikamkonyeza. Nikamkanyaga mguu chini ya meza. Alidhani nataka kumwambia kitu baadaye. Aliendelea kumlisha mtoto na kumweleza askari juu ya kitanda.

Askari akakaa. "Mama," akaniambia mimi, si yeye, na kwa sauti ya chini kabisa, "hapa si mahali pa mtoto." Nilimtukana. Matusi niliyomtukana siku ile sitayaandika, mama yangu alikuwepo na alijifunika uso. Yule askari hakunipiga wala hakuniadhibu, na hilo ndilo lililonikasirisha zaidi.

Wiki iliyofuata mwanamke wa ustawi alikuja na mkoba wake, na mama alikuja na habari zake za kitanda, zilikuwa bado hazijaisha. Nilimfunga mwanangu mgongoni mwa bibi yake kwa kitenge changu, kile kile nilichofunikwa nacho jua. Fundo nililikaza mno, mama akasema, "Unaniumiza," nikalilegeza. Mtoto hakulia. Alikuwa hajawahi kutoka nje ya geti lile kwa kumbukumbu zake, alikuwa anashangaa pikipiki.

Maziwa yaliyokuwa yamekauka yakarudi usiku huohuo. Sijui yalitoka wapi. Matiti yalivimba yakawa magumu, gauni likalowa, na nilipata homa. Mama wa Kihurio alinifunga kifua kwa khanga, akavuta kwa goti lake mgongoni mwangu mpaka nikapiga kelele. Alasiri zilizofuata, wanawake walikuwa wanaingia selo na matonge yao kwenye mapindo kwa mazoea, komeo linalia, wanatazamana. Ilibidi kila mtu ale la kwake. Walikula wamegeukia ukuta.

Miezi ilipita ndipo mama alipokuja tena. Alikuja peke yake. Alikuwa amekonda, na mama yangu si mtu wa kukonda. Alikaa kwenye lile benchi, akasema, "Mtoto hali."

Nikamuuliza hali vipi. Akasema hali. Amepika kila kitu anachokijua. Uji wa ulezi, ndizi, viazi, mayai, makande yaliyochujwa maganda. Mtoto anakaa mbele ya sahani na mkono mdomoni, anatazama. Hanuni wala halii. Usiku sana ndipo anapoamka na kuomba kitu, na mama humpa maziwa, hayo anakunywa, basi anaishi kwa maziwa ya usiku. Amempeleka zahanati, wamempima, wamesema hana ugonjwa, wamempa dawa ya minyoo. Watu wa kanisani wamekuja kumwombea. Jirani amesema amechezewa. "Miguu yake," mama akasema, akanionyesha kidole chake cha mwisho. "Miguu yake sasa iko hivi."

Mimi nilijua kabla hajamaliza. Nilijua tangu aliposema mkono mdomoni. Nilikuwa na hasira na sikuwa na wa kumkasirikia pale isipokuwa mimi mwenyewe na yule bibi kizee mbele yangu.

"Unampa chakula mlango ukiwa wazi," nikamwambia.

"Sasa nifanyeje?"

"Funga mlango, mama. Ufunge na komeo. Lisikike. Ndipo umpe."

Alinitazama kama nimemwambia avue nguo sokoni. "Mimi nifunge mlango watu wakila?"

"Mama."

"Tangu nimeolewa mlango wangu haujafungwa chakula kikiwa nje. Hata mwaka ule wa njaa. Baba yako yuko kaburini, mlango haujafungwa. Leo nifunge, mchana, watu wanapita, waseme nimepata nini?"

"Ataugua mama. Atakufa. Funga."

Askari, yule yule, alikuwa anatazama meza. Mama alikunja khanga yake, akaikunjua, kisha akauliza pole pole, "Mlimfanya nini mtoto wangu humu ndani?"

"Tulimlisha," nikasema.

Baada ya hapo nilihukumiwa. Upelelezi ulikamilika hatimaye, shahidi akafika, nikapewa kifungo, na nikavaa gauni la wafungwa na kulima bustani ya mboga ya gereza. Sitaki kusimulia kifungo. Ni siku moja inayorudiwa. Mama wa Kihurio alipelekwa gereza jingine, tuliagana kwa kushikana mikono kwenye mstari wa kuhesabiwa, na nikaambiwa baadaye kwamba alifia huko. Sikupata pa kumlilia, nikamlilia kwenye mchicha.

Mama alikuwa anakuja mara chache, magoti yalimsumbua. Alinipa habari kwa mkato. Mtoto anakula. Ameanza kunenepa. Anaimba. Kuhusu mlango nilikuwa namvuta maneno moja moja. Ndiyo, anafunga. Ndiyo, na komeo. Watu? Watu ni watu. Siku moja ndipo aliposema kwamba jirani, yule waliyekuwa wanaombana naye chumvi na moto tangu wakiwa wasichana wawili walioolewa mwaka mmoja, amepita nje saa ya chakula akasema kwa sauti, "Siku hizi humu kuna nyama." Wanawake wa kanisani wameacha kupiga hodi. Kwenye shughuli za misiba hawampangi tena jikoni. Wanasema uzee umemtia uchoyo.

"Si uwaambie!" nikamwambia. "Waambie ni kwa sababu ya mtoto!"

"Nikawaambie nini? Kwamba mjukuu wangu amejifunzia kula jela?" Akafuta benchi kwa kiganja, benchi lilikuwa safi. "Acha waniite mimi mchoyo. Mimi nimeshazeeka. Yeye ana shule mbele."

Nililia siku ile kuliko siku niliyohukumiwa. Mama yangu alikuwa na kitu kimoja cha kujivunia katika kijiji kile, na alikuwa anakifunga kila siku mchana kweupe kwa komeo, huku watu wanamsikia.

Nilitoka mwaka jana, asubuhi, na mfuko wa plastiki. Nilipanda basi la milimani, nikashuka barabarani juu, nikatembea kipande kilichobaki. Nilipita karibu na ndiva, watoto walikuwa wanaoga pembeni, hawakunijua. Jirani alikuwa nje anaanika maharage. Nikamwamkia, "Shikamoo mama." Akaitikia marahaba, akanitambua, akashika mdomo. Kisha akaonyesha nyumba yetu kwa kidevu na kusema, "Wapo. Wanakula." Alilisema neno hilo la mwisho kwa namna ambayo nilitaka kumrudia. Nikaenda.

Ilikuwa saa saba mchana. Kila nyumba niliyopita mlango ulikuwa wazi, mtu anainua mkono, karibu, karibu. Wa kwetu ulikuwa umefungwa. Nilisimama kwenye kizingiti, mfuko mkononi, na nikamsikia mama ndani anasema, "Mlango umefungwa, mwanangu. Kula." Kijiko kikagonga sahani.

"Hodi," nikasema.

Kijiko kikanyamaza. Ndani pakawa kimya kabisa. Mimi ninaijua aina ile ya ukimya, nimeikalia mwenyewe askari anapopita nje ya selo. Nikasema tena, "Mama, ni mimi." Nikasikia magoti yake yanainuka, miguu inaburuta, komeo linavutwa.

Mama alinikumbatia, akalia, akaninong'oneza mambo kwa Chasu. Juu ya bega lake nilimwona. Alikuwa msichana sasa, amesukwa nywele, amevaa gauni la njano, amekaa kwenye kigoda na sahani mapajani. Mashavu yalikuwa yamejaa chakula na mkono wake ulikuwa umefunika mdomo. Alikuwa ananitazama bila kupepesa. Hakunijua, na sikutegemea anijue, nilikuwa nimejiandaa kwa hilo barabara nzima.

"Huyu ndiye mama yako," mama akamwambia. "Yule ninayekusimulia. Meza, mwanangu. Ni mama yako."

Hakumeza. Macho yake yaliniacha, yakaenda mlangoni nyuma yangu, ambako mwanga ulikuwa unaingia na jirani alikuwa amesogea mpaka uani kutazama, yakarudi kwangu. Mashavu yalikuwa yameanza kumtetemeka.

Nikaingia ndani. Nikaufunga mlango nyuma yangu, nikalishika komeo, nikalisukuma mwenyewe, kwa nguvu, lisikike.

Ndipo akameza.